Shajara ya Mradi: Kutafuta Anga Tulivu Kuliko Zote kwenye Ncha za Dunia

14 Januari

Leo nimeufungua mradi huu rasmi. Swali lake ni hili: katika maeneo ya ncha za dunia, ni wapi ambapo darubini ndogo, yenye kioo cha sentimita 50, ingeziona nyota za Wingu Kubwa la Magellan, galaksi ndogo iliyo jirani na yetu, kwa uwazi kuliko mahali pengine popote? Kazi yangu ni ya mezani. Nitakusanya vipimo vilivyochapishwa, nitavilinganisha, nitakokotoa upya ninavyoweza, kisha nitaandika pendekezo la eneo moja lenye hoja zinazoweza kukaguliwa na mtu mwingine.

Sababu ya kulichagua wingu hilo ni kwamba nimelitazama kwa miaka mingi kutoka Dar es Salaam, na kila mara nimelikosa nusu nusu. Majira haya wingu hilo hufika kilele chake baada ya saa 4 usiku, lakini kilele chenyewe ni kama nyuzi 27 tu juu ya upeo wa kusini, ndani ya ukungu wa joto na taa za Mbagala. Katika kimo hicho mwanga wa nyota hupita kwenye hewa nene maradufu kuliko ule unaotoka utosini, na nyota zilizosongamana ndani ya wingu hilo huungana zikawa uji mmoja wa mwanga. Kwenye uwanda wa juu wa Antaktika wingu hilo halitui kamwe. Pale Dome A, kilele cha uwanda huo, katika nyuzi 80 na dakika 22 kusini, haliteremki chini ya nyuzi 59.

Naandika hapa dhana ninayoanza nayo, ili baadaye nijue kama imesimama au imeanguka: nadhani mahali bora ni pale penye baridi kali kuliko kote na usiku mrefu kuliko kote.

2 Februari

Wiki mbili zimekwenda kwenye hesabu za giza, na nusu ya dhana yangu imeshapata ufa.

Wanafalaki huuhesabu usiku kuwa kamili jua likifika nyuzi 18 chini ya upeo. Wasomaji wengi wanaijua pembe hiyo bila kuitambua, kwa kuwa ratiba nyingi za sala huitumia kukadiria Alfajiri. Pale kwenye Ncha ya Kusini yenyewe, jua huzama katika siku za mlingano wa usiku na mchana wa mwezi Machi na halichomozi hadi Septemba, lakini hutumia wiki nyingi likitambaa chini kidogo ya upeo, na shafaki, yaani mwangaza wa machweo, haifutiki. Giza kamili huanza takriban 12 Mei na kwisha mwishoni mwa Julai. Hizo ni siku 80 hivi, yaani saa zipatazo 1,900 kwa mwaka. Nimezilinganisha na za mtu aliyekaa kwenye Ikweta, ambaye kila usiku hupata takriban saa 9 na nusu za giza kamili, na jumla yake kwa mwaka inapita saa 3,400. Anayedhani ncha ya dunia ina giza jingi kuliko kwetu amekosea, na mimi nilikuwa mmoja wao.

Tofauti ni namna giza hilo linavyogawanywa, kwa kuwa kule huja kwa mkupuo mmoja. Dome A haiko kwenye ncha yenyewe, kwa hiyo hata saa 6 mchana ya katikati ya kipupwe, siku jua linapofika kina chake cha mwisho kwa mwaka, bado hupanda hadi kama nyuzi 14 chini ya upeo na kuleta shafaki hafifu. Nimepata saa 16 hivi za giza kamili kwa siku hiyo. Dome C, mgongo mwingine wa uwanda huo, iko kaskazini zaidi, kwenye nyuzi 75, na huko nimepata saa 14 na nusu. Kwa nyota zinazobadilika mwanga kila baada ya saa chache, kuzifuatilia saa 16 mfululizo, siku baada ya siku, ni jambo ambalo darubini ya tropiki haiwezi kulifanya hata iwe kubwa kiasi gani.

19 Februari

Kaskazini nimeiondoa kwenye orodha, na sikuhitaji kufikiri sana. Ncha ya Kaskazini ni bahari iliyoganda, yaani usawa wa bahari, na hewa yote nzito ya dunia iko juu yake. Greenland ina uwanda mzuri wa barafu wenye kituo cha Summit kwenye mita 3,216, na kule Ellesmere nchini Kanada wanasayansi wamepima anga ya nyuzi 80 kaskazini kwa bidii kubwa. Lakini Wingu Kubwa la Magellan halionekani kabisa kutoka huko.

Kuna kitu kimoja ninachokiacha kwa huzuni kidogo. Ukiwa Ellesmere, Kilimia hakizami mwaka mzima. Ukiwa Dome A, Kilimia hakichomozi hata siku moja. Wazee wetu walipanga msimu wa kulima kwa kukitazama kikizama na kuzuka, na msemo wao unasema kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Anga ninayoitafuta haina kuzama wala kuzuka: nyota huzunguka kwa duara lile lile, kwa kimo karibu kile kile, mpaka jua lirudi.

11 Machi

Leo nimesoma tena matokeo ya Dome C yaliyochapishwa mwaka 2004 na kundi la Jon Lawrence, na nimefurahi kupita kiasi. Niyaeleze kwa anayefuatilia shajara hii.

Nyota iko mbali mno kiasi kwamba ingepaswa kuonekana kama nukta. Hewa ndiyo inayoitanua ikawa doa, kwa sababu viputo vya hewa ya joto na baridi vinavyopishana hupinda mwanga huku na huko, na huko ndiko kumetameta tunakokuona kwa macho. Upana wa doa hupimwa kwa sekunde za tao, na sekunde moja ni sehemu ya 3,600 ya nyuzi moja. Vilele bora vya Chile na Hawaii, ambako darubini kubwa za dunia zimejengwa, hupata doa la sekunde 0.6 hadi 0.8 katika usiku wa kawaida. Kundi la Lawrence liliripoti kipimo cha kati cha 0.27, na robo ya wakati chini ya 0.15. Sekunde 0.3 ni kama upana wa embe lililoko Forodhani likitazamwa kutoka Dar es Salaam.

Dome C ni mgongo bapa wa barafu wenye kimo cha mita 3,233, na juu yake kipo kituo cha Concordia cha Ufaransa na Italia, ambacho watu wamekuwa wakikikalia mwaka mzima tangu 2005. Nimeandika jina lake kwenye jedwali na kulizungushia wino.

27 Machi

Nimelazimika kuufuta ule wino.

Nilipolisoma andiko lile kwa mara ya tatu, nilizingatia jambo nililolipita haraka mwanzoni: vyombo vilivyotumika havikuuona msukosuko wa hewa ulioko kati ya barafu na mita 30 za kwanza. Kile kipimo cha 0.27 ni cha mtu aliyesimama juu ya mnara wa mita 30. Timu ya Karim Agabi ilipokaa Concordia kipupwe cha kwanza na kurusha maputo yenye vipimajoto, ikakuta kwamba karibu uharibifu wote wa picha unatoka kwenye tabaka la chini lenye unene wa takriban mita 36. Juu ya tabaka hilo doa ni kama sekunde 0.36, na hiyo ni anga ya ajabu. Ndani yake, usawa wa barafu, doa hupita sekunde 1, yaani baya kuliko Chile.

Chanzo chake ni baridi yenyewe. Wakati wa kipupwe barafu hutoa joto lake kwenda angani bila kupata lingine, ikawa baridi kuliko hewa iliyo juu yake, na hewa inayoigusa nayo ikapoa. Ukipanda mita chache tu joto linaongezeka kwa nyuzi nyingi, kinyume na tulivyozoea. Upepo mdogo ukizichanganya tabaka hizo mbili, picha inaharibika. Halafu hewa hiyo baridi ni nzito, na penye mtelemko huteremka kama maji. Ncha ya Kusini yenyewe iko mtelemkoni, mita 2,835 juu ya bahari, na tabaka lake la msukosuko lina unene wa zaidi ya mita 200, kwa hiyo hakuna mnara wa kulishinda. Wenye darubini za mawimbi ya redio hawasumbuki sana na jambo hili, ndiyo maana ile darubini ya mita 10 inafanya kazi nzuri pale tangu 2007. Kwa mwanga wa kawaida pale si mahali pake.

Basi hata nusu ya pili ya dhana yangu imeanguka. Kituo cha Vostok ndicho kilichopimwa nyuzi 89.2 chini ya sifuri tarehe 21 Julai 1983, na rekodi hiyo haikifanyi kuwa mahali bora pa kutazamia nyota. Swali la mradi limebadilika kuanzia leo: ni wapi ambapo tabaka la chini ni jembamba kiasi cha kuweza kulipanda?

20 Aprili

Nimetaka kukiona kipimo hiki kwa macho yangu kabla ya kuendelea kuviamini vya wengine.

Nimeifunika darubini yangu ya sentimita 20 kwa kadibodi yenye matundu mawili ya sentimita 5, yaliyo kwenye ncha mbili za kipenyo chake, na tundu moja nimeliwekea kipande cha kioo chenye pembe kinachopinda mwanga kidogo. Nyota moja hutoa madoa mawili kwenye kamera. Uzuri wa njia hii ni kwamba mtetemeko wa dari, au wa lori linalopita barabarani, huyatikisa madoa yote mawili kwa pamoja. Umbali kati yao ukibadilika, mwenye kosa ni hewa. Chombo kinachotumika Antaktika kinafuata kanuni hiyo hiyo.

Usiku wa kwanza niliiweka juu ya dari ya zege. Kwenye skrini madoa yalicheza kama siafu waliomwagiwa maji, yakisogeleana na kuachana mara kadhaa kwa sekunde, na hesabu ikatoa doa la zaidi ya sekunde 3. Zege lilikuwa limemeza jua mchana kutwa, na saa 4 usiku bado lilikuwa vuguvugu nilipolishika. Usiku wa tatu, hali ya hewa ikifanana, nilipandisha darubini kwenye mnara wa tangi la maji, mita 4 juu ya dari. Mnara ule unayumba, na madoa yote mawili yalihamahama pamoja kila nilipopumua vibaya, lakini umbali kati yao ulitulia, na doa likashuka hadi kama sekunde 2.

Nyumbani kwangu joto linatoka chini na kule linakosekana chini, kwa hiyo silinganishi maumbile ya tabaka zenyewe. Ila nimejionea mita 4 zikiondoa theluthi nzima ya uharibifu, na nimeshuka kwenye lile tangi nikiwa nimeelewa jambo ambalo majedwali yalikuwa yamenieleza kwa miezi mitatu.

9 Mei

Dome A ni kilele cha uwanda wa Antaktika ya Mashariki, mita 4,093. Binadamu wa kwanza kufika juu yake kwa njia ya nchi kavu walikuwa Wachina, Januari 2005, na Januari 2009 wakafungua kituo cha Kunlun hapo karibu. Ni cha kiangazi tu. Kipupwe hubaki mashine peke yake.

Januari 2019 timu ya China iliweka darubini mbili ndogo za kupima madoa juu ya mnara wa mita 8, nazo zikajiendesha zenyewe gizani. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2020 na Bin Ma na wenzake, ndiyo niliyokuwa nikiyatafuta: unene wa kati wa tabaka la chini ni mita 13.9, na juu yake doa la kati ni sekunde 0.31, likishuka hadi 0.13 katika nyakati bora. Wakiwa kwenye mita 8 tu, karibu theluthi moja ya wakati walikuwa tayari nje ya tabaka la msukosuko.

Nimelinganisha namba hizi na zile za Dome C mchana kutwa. Anga ya juu inakaribia kuwa sawa katika sehemu zote mbili, na tofauti iko kwenye ngazi ya kuifikia. Mnara wa mita 14 pale Dome A ungekuwa juu ya tabaka nusu ya wakati. Wenzao wa Dome C wangehitaji zaidi ya maradufu ya kimo hicho, katika mahali ambapo kila nondo husafirishwa zaidi ya kilomita elfu moja juu ya barafu na kila mita ya mnara ni mtikisiko mpya wa kupambana nao.

Sababu ya wembamba huo ni umbo la mahali. Juu ya kilele hakuna mtelemko wa kuuzaa upepo. Hewa baridi inaanza safari yake pale ikiwa imetulia, na inachukua kasi kadiri inavyoteremka kuelekea pwani, na huko pwani kuna mahali kama Cape Denison, ambako timu ya mpelelezi Douglas Mawson ilikaa kuanzia 1912 na kukutana na upepo usiokatika.

15 Juni

Sakitu, yaani mvuke unaoganda kuwa barafu nyembamba juu ya vitu. Nimeikuta katika karibu kila ripoti ya vifaa, nikaamua kuitafuta mahali ninapoweza kuifikia, yaani kwenye ghala la baridi la samaki lenye nyuzi 20 chini ya sifuri. Niliacha humo kwa usiku mmoja kamera, kipande cha kioo, waya wa kamera, na kifaa cha kusogezea lenzi chenye grisi ya kawaida.

Asubuhi grisi ilikuwa imekauka kama gundi. Waya ulipokunjwa ulipasuka ganda lake kwa mlio mdogo. Kioo kilikuwa na manyoya meupe, marefu upande uliotazama mlango na mafupi upande wa pili, na nilipokiweka chini ya taa kila unyoya ulikuwa na matawi yake kama jani la mwarobaini. Mzee anayelisimamia ghala aliniangalia nikipiga picha, akaniambia, “Mwanangu, humu baridi haiharibu kitu. Mlango ndio unaoharibu.” Nikamjibu, “Ni kweli, Mzee,” kwa kuwa kila mlango ukifunguliwa hewa ya pwani iliyojaa mvuke huingia na kuganda kwenye chochote inachokigusa.

Dome A haina mlango wala pwani, ila ina jambo linalofanana. Hewa yake ina mvuke kidogo mno, lakini kwa baridi ya nyuzi 70 chini ya sifuri mvuke huo kidogo unatosha kuijaza hewa pomoni, na kioo kinachotazama anga tupu hupoteza joto hadi kinakuwa baridi kuliko hewa inayokizunguka. Hapo sakitu hujijenga. Darubini za AST3, ambazo Wachina waliziweka Dome A, zenye upana wa sentimita 50, zilipewa kioo cha mbele chenye utandu unaopitisha umeme ili kipate moto kidogo. Nami hapa ndipo ninapopata wasiwasi, kwa kuwa joto lolote juu ya kioo huzaa msukosuko wake mdogo mbele ya lenzi: unaweza kupanda mita 14 kuikimbia hewa mbaya kisha ukaitengeneza mwenyewe kwa wati chache. Katika pendekezo nimeandika kwamba kioo kipashwe moto kwa nyuzi chache tu juu ya hewa, na kwa vipindi.

3 Julai

Mambo mawili ya anga yenyewe. Mwanga wa aurora, ule wa rangi unaocheza kwenye anga za ncha, hutokea katika pete inayoizunguka ncha ya sumaku ya dunia, na Dome A na Dome C ziko ndani ya pete hiyo, tofauti na Ncha ya Kusini ambako aurora hutanda utosini mara kwa mara. Hata hivyo ulinganisho wa Will Saunders na wenzake wa mwaka 2009, ambao ndio mpana kuliko wote niliousoma, unaonya kwamba maeneo yote ya Antaktika huenda yakaathiriwa na aurora na mng’ao wa hewa katika mwanga wa kawaida. Onyo hilo nimelinakili kwenye pendekezo neno kwa neno, wala sikulificha mwishoni.

Ulinganisho huo huo ndio ulioitaja Ridge A, takriban kilomita 150 kusini-magharibi mwa Dome A, kuwa bora hata kuliko Dome A. Januari 2012 iliwekwa pale darubini ya HEAT, yenye sentimita 60, iliyoundwa kusikiliza mawimbi ambayo mvuke wa maji huyafuta karibu kila mahali duniani. Kwa mradi wangu mvuke si tatizo kubwa, na pale hakuna kituo. Nimeipita.

21 Agosti

Pendekezo limekamilika, nalo linasema Dome A, juu ya mnara wa mita 15. Chaguo la pili ni Dome C, na nimeeleza kinagaubaga lini linapaswa kuwa la kwanza: ikiwa lengo ni kufuatilia nyota angavu chache kwa miezi, kama wafanyavyo watu wa mradi wa ASTEP pale Dome C wanaotafuta sayari za mbali, na si kutenganisha nyota zilizosongamana, basi binadamu anayeweza kutoka nje na brashi kufuta sakitu ana thamani kuliko mita 20 za mnara. Dome A kifaa kikikwama mwezi Mei, kitabaki kimekwama hadi msafara wa Januari.

Kilichobaki ni mnara wenyewe. Ule wa Wachina ulikuwa wa mita 8 na ulibeba vyombo vidogo. Wangu ni karibu maradufu na darubini yake ni nzito zaidi, juu ya theluji inayodidimia upande mmoja kuliko mwingine. Doa la sekunde 0.3 halina faida yoyote mnara ukiyumba kwa sekunde 1 wakati kamera iko wazi. Njia ya matundu mawili inaweza kuusamehe mtikisiko wa mnara, lakini darubini inayopiga picha haiwezi. Nimeomba michoro ya mnara wa tangi langu kutoka kwa fundi aliyeujenga, nami nitaanza kuupima mtikisiko wake wiki ijayo, upepo wa kusi ukiwa bado unavuma.